Uso Ndani ya Uso: Shajara ya Mradi wa Karatasi 40

Siku ya 1

Leo nimeanza. Nitauchora mkono wangu wa kushoto ukiwa umelala mezani, mara 40, kwenye karatasi 40 za ukubwa mmoja, kwa wino mweusi na kalamu ileile. Karatasi ya 1 itakuwa na mstari mmoja. Karatasi ya 2 itakuwa na mstari huohuo pamoja na mwingine mmoja, na nitaendelea hivyo hadi karatasi ya 40 yenye mistari 40. Nataka kujua mkono unaingia lini. Mwanzoni hautakuwamo, na mwishoni hakuna atakayeukosa. Kati ya hapo ipo karatasi ambamo mkono unatokea kwa mara ya kwanza, nami nataka kuipata hiyo na kukaa nayo.

Swali lililonisukuma ni la zamani. Mtu anapotazama picha, anaona nini hasa? Ukijibu "wino," umeshindwa kueleza kwa nini mtoto anainyooshea kidole na kusema "mkono." Ukijibu "mkono," basi mkono wenyewe umetulia mezani na hapa pana karatasi tu. Kila jibu linaacha nusu ya jambo nje. Mwanafalsafa Plato aliiweka picha ya kitanda daraja la tatu, nyuma ya kitanda cha seremala, nacho kiko nyuma ya wazo la kitanda. Siamini kwamba picha ni kitanda kilichopunguzwa. Lakini kutoamini hakutoshi, ndiyo maana nachora.

Kando ya michoro nitaandika insha. Shajara hii itatunza hesabu ya kazi zote mbili.

Siku ya 3

Karatasi ya 1 hadi ya 12 ziko tayari. Nanakili kwa kubandika karatasi iliyotangulia kwenye kioo cha dirisha, naweka mpya juu yake, kisha nafuata mistari kwa mwanga unaopenya. Mstari haurudii ule wa kabla yake sawasawa, unatetemeka kidogo. Nimeamua kuuacha utetemeke.

Tatizo limejitokeza mapema kuliko nilivyodhani. Karatasi ya 1 ina mstari mmoja uliopinda, ukingo wa nje wa kidole gumba, na mimi tayari naona mkono. Nauona kwa sababu naujua. Macho yangu hayafai kuwa shahidi katika kesi hii. Itabidi karatasi zitazamwe na watu wasioambiwa chochote. Nimemwomba dada azichanganye na kuzionesha yeye mwenyewe, ili hata sura yangu isitoe siri.

Siku ya 6

Nimeandika kurasa tatu juu ya kufanana, nikafuta mbili.

Karibu kila mtu ukimuuliza kwa nini picha ya mkono ni ya mkono, atakuambia ni kwa kuwa zinafanana. Mwanafalsafa Nelson Goodman aliyavunja maelezo hayo mwaka 1968 kwa hoja fupi mno. Kufanana kunakwenda pande zote mbili: nikifanana na pacha wangu, pacha wangu naye anafanana nami. Kuonesha hakuendi hivyo. Picha inamwonesha mtu, mtu haioneshi picha. Tena, hakuna kinachofanana na kitu kuliko kitu hicho chenyewe, na bado hatusemi kwamba kitu ni picha yake chenyewe. Na mchoro wa kasri unafanana zaidi na mchoro mwingine wowote uliotundikwa kando yake kuliko na kasri, kwani yote miwili ni bapa, ina fremu na inabebeka.

Niliweka mkono kando ya karatasi ya 12 nikayaona hayo kwa macho. Mkono una joto na unene, na hakuna mstari mweusi unaouzunguka. Nilitafuta ukingoni mwa kila kidole, sikuona hata mmoja. Mistari yote 12 ni ya karatasi, mkono haukuchangia wowote.

Goodman akaenda mbali zaidi: picha ni mfumo wa alama, na tunajifunza kuzisoma kama tunavyojifunza lugha. Hapo naachana naye. Mwaka 1962 wanasaikolojia Julian Hochberg na Virginia Brooks walichapisha matokeo ya jaribio walilolifanya nyumbani. Walimlea mtoto wao hadi miezi 19 wakimwepusha na picha kadiri walivyoweza, bila kumtajia jina la chochote kilichochorwa. Walipomwonesha fotografia na michoro ya mistari ya vitu alivyovijua, alivitaja. Hakuna mtoto anayetaja maneno ya lugha asiyoisikia. Mchoro wa mistari hauna rangi ya kitu wala unene wake, na mtoto aliutambua bila somo. Kufanana hakutoshi, na mazoea ya kufundishwa nayo hayatoshi. Kuna kazi ambayo jicho linaifanya lenyewe.

Siku ya 9

Leo sikuchora. Nimekaa na maneno.

Insha naiandika kwa Kiswahili, na istilahi nyingi za uwanja huu zimezaliwa kwenye Kijerumani, Kiingereza na Kifaransa. Nilidhani kazi yangu itakuwa kutafuta visawe. Nimekuta lugha ilishalitafakari jambo hili kabla yangu.

Neno la kwanza ni uso. Mtu ana uso. Maji yana uso, ukuta una uso, karatasi ina uso. Nikiona sura ya mtu katika madoa ya ukuta uliolowa unyevu, nimeona uso ndani ya uso, na sentensi hiyo nimeitamka bila kulazimisha kitu. Mambo mawili ambayo insha nzima inahangaika kuyashika pamoja yanaishi ndani ya neno moja la herufi tatu. Nimelifanya kuwa kichwa cha habari.

La pili ni picha yenyewe. Mwanafalsafa Edmund Husserl, katika mihadhara yake ya Göttingen, Ujerumani, ya mwaka 1904 na 1905, alitenganisha mambo matatu mahali ambapo sisi kwa haraka tunaona moja. Kipo kitu chenyewe, karatasi na wino, kinachoweza kuchanika. Ipo sura inayojitokeza humo, ndogo, isiyo na rangi za mwili, ambayo haichaniki wala haina uzito. Na yupo mtu halisi anayelengwa, ambaye huenda hayumo chumbani. Nimeamua cha kwanza kiwe picha, cha pili taswira, cha tatu mlengwa. Zamani neno sanamu lilibeba hata michoro. Leo limebaki zaidi kwa vilivyochongwa, nami naliacha huko.

Kisha nikafika kwenye po, ko na mo, nikakaa hapo hadi jua likazama. Mistari ipo: naigusa, napima urefu wake kwa rula. Mlengwa yuko, mahali fulani, karibu au mbali. Taswira je? Nikisema mkono upo juu ya karatasi, msikilizaji atadhani nimeulaza mkono wangu hapo. Nikisema mkono umo pichani, hakuna atakayeuliza umeingiaje kwenye kitu chembamba namna hiyo. Kila mzungumzaji wa Kiswahili anajua, bila kufundishwa falsafa, kwamba wino upo na mkono umo, na kwamba kuwamo huku si kule kwa nguo sandukuni. Mwanafalsafa Richard Wollheim, katika insha aliyoiongeza kwenye kitabu chake cha falsafa ya sanaa mwaka 1980, alikiita kitendo hiki kuona kitu ndani ya kingine. Alihitaji insha nzima kuonesha kwamba huko ni kuona kwa aina yake, tofauti na kuona kitu kilichosimama mbele yako. Sisi tunaanza safari tukiwa na mo mdomoni.

Jambo moja zaidi kabla sijalala: mtu akipendeza kwenye picha tunasema ametoka vizuri. Yumo, na papo hapo ametoka. Nimeyaandika maneno hayo mawili kwenye kipande cha karatasi nikakibandika juu ya meza.

Siku ya 10

Karatasi ya 13 hadi ya 27. Hakuna la kusema.

Siku ya 14

Watu sita wametazama, kila mmoja kwa wakati wake.

Mpango wa kuchanganya karatasi haukufaa. Wa kwanza alipewa karatasi ya 20 mapema mno; tangu hapo hata karatasi ya 4, yenye mistari minne iliyotawanyika, aliitazama akasema ni mkono. Wa pili ikawa vilevile. Taswira ikishatokea hairudi ilikotoka. Unaweza kufunika mstari kwa kidole, unaweza kugeuza karatasi juu chini, lakini huwezi kumrejesha mtazamaji kwenye siku ambayo hakuwa ameona. Kwa wanne waliobaki dada alizipanga kwa mfuatano, akianzia ya 1.

Mmoja aliona mkono kwenye karatasi ya 10, wawili kwenye ya 11, mmoja kwenye ya 13. Nilikuwa chumba cha pili nikisikia. Sauti ilikuwa ileile kwa wote: kimya, kimya, kisha "aa!" Haikuwa sauti ya mtu aliyekata shauri baada ya kupima ushahidi. Ilikuwa ya mtu aliyefunguliwa mlango.

Nimeutazama tena mstari wa 11. Ni mfupi kuliko kucha. Uko kwenye ngozi inayounganisha kidole gumba na kidole cha shahada, pale panapokunjana. Ukiuchora peke yake kwenye karatasi safi haufanani na chochote, ni mkwaruzo. Mistari 10 iliyotangulia ni mirefu, inafuata vidole vizuri, na haikuweza kuufungua mkono. Huu mdogo ukaweza, kwa sababu unaonesha sehemu gani iko mbele na ipi iko nyuma. Laiti kufanana ndiko kungekuwa kunaleta mkono, ungekuja polepole, mstari kwa mstari, kama maji yanavyojaa ndoo. Umekuja wote kwa mara moja.

Siku ya 17

Mmoja wa wale wanne, kabla ya kuona mkono, aliona mzizi wa mti. Aliuona wazi kwenye karatasi ya 8 na ya 9, akaeleza hata upande ulioingia ardhini. Tangu juzi najiuliza kama alikosea.

Mwaka 1925 katika pango la Makapansgat, Afrika Kusini, liliokotwa jiwe jekundu kiasi cha kushikika kiganjani, lenye mashimo mawili kama macho na ufa kama mdomo. Halikuchongwa na mkono wa yeyote; maji na mikwaruzo ndiyo iliyolifanya hivyo. Lilikutwa kwenye tabaka la takriban miaka milioni 3 iliyopita, pamoja na mabaki ya viumbe waliomtangulia binadamu, na aina ya jiwe hilo haipatikani pale pangoni. Inaaminika mmoja wao alilibeba kutoka mbali. Kama alilibeba kwa sababu ya ule uso, basi kuona kitu ndani ya kingine kuliitangulia picha kwa muda mrefu kuliko tunavyoweza kuwaza. Leonardo da Vinci naye aliwashauri wachoraji watazame kuta zenye madoa mpaka milima, mapigano na nyuso vitokee. Na katika pango la Altamira, Hispania, mchoraji wa kale aliona uvimbe wa mwamba kwenye dari akaupa rangi, ukawa mwili wa nyati. Alichokifanya ni kukazia alichokuwa ameshakiona. Maelfu ya miaka baadaye, mwaka 1879, aliyewaona nyati hao alikuwa msichana wa miaka 8, María, aliyeinua macho juu wakati baba yake akichunguza sakafu.

Katika doa la ukuta hakuna kukosea. Wewe ukiona farasi nami nikiona jahazi, tumetajirika sote wawili. Picha ni tofauti: mtu alizipanga alama ili kitu fulani kionekane, na mpango wake ndio unaopima aliyeona sawa na aliyekosa. Hivyo ndivyo Wollheim alivyolitenga doa na picha, na nakubaliana naye karibu kabisa. Ugumu wangu ni huu: karatasi ya 9 haikuwa imekamilika kuwa picha ya mkono. Mpango ulikuwamo kichwani mwangu, si kwenye karatasi. Kwa hiyo aliyeona mzizi hakukosea. Alikuwa kwenye ukuta wenye madoa, na mimi ndiye niliyekuwa nikidhani tayari ni picha. Nimempigia simu kumwambia hivyo. Alifurahi, akaniomba karatasi ya 9 aitunze.

Siku ya 22

Karatasi zote 40 zimekamilika tangu jana. Sasa ni ubishi ambao niliukwepa kwa wiki mbili.

Upo mchoro mdogo uliochapishwa mara ya kwanza mwaka 1892 katika jarida la Kijerumani, Fliegende Blätter, unaoonekana bata kisha sungura. Joseph Jastrow aliuingiza kwenye saikolojia, Wittgenstein akaupeleka kwenye falsafa. Mdomo wa bata unageuka masikio ya sungura, na huwezi kuwaona wote wawili kwa pamoja. Akija mmoja, mwingine ameondoka. Mwanahistoria wa sanaa Ernst Gombrich, mwaka 1960, alidai kila picha iko hivyo: ama unaona turubai na rangi, ama unaona farasi wa vita, na unapokezana. Alisimulia jinsi Kenneth Clark, mwanahistoria mwenzake, alivyosogea mbele na kurudi nyuma mbele ya mchoro wa Velázquez, mchoraji wa Hispania, akivizia sekunde ambayo mipigo ya brashi inageuka kuwa uhai, asiipate.

Wollheim akakataa. Alisema tunaona yote mawili, rangi na farasi, katika tendo moja lenye pande mbili. Jina nililompa jambo hili ni uwili.

Nimekaa mbele ya karatasi ya 40 muda wa saa mbili nikijaribu kuwa hakimu. Wollheim alikuwa akikaa mbele ya mchoro kwa muda mrefu hivyo, kwa imani kwamba saa ya kwanza inakwisha tu katika kuyatuliza mawazo yaliyokuja nayo. Saa yangu ya kwanza ilikwenda hivyo kweli. Katika ya pili niligundua kwamba neno linalosumbua ni "kwa pamoja." Sehemu ya jicho inayoona kwa ukali haizidi pembe ya nyuzi 2, kama upana wa kidole gumba ukinyoosha mkono, na jicho linaruka kama mara 3 kila sekunde. Nikiutazama mkono wangu halisi, kidole gumba kikiwa wazi kidole cha mwisho ni ukungu. Hakuna anayesema kwa sababu hiyo kwamba sioni mkono, naona vidole kwa zamu. Sasa kwa nini wino na mkono vidaiwe viwe wazi kwa kiasi kilekile na kwa sekunde ileile ndipo tukubali vinaonekana pamoja? Clark alikuwa akidai kutoka kwa jicho kitu ambacho jicho halitoi hata kwa vitu vya kawaida.

Bata na sungura, zaidi ya hayo, ni washindani wa kiti kimoja. Wote wawili wanataka kuwa taswira. Wino hautaki kiti hicho. Mfano wa Gombrich, nikiuheshimu sana, haukuhusu jambo alilolitafuta.

Siku ya 25

Siku bora tangu nianze, na haikuanzia kwenye karatasi zangu.

Nilichukua fotografia kubwa ya ukumbi mrefu wenye sakafu ya vigae vya mraba, nikaibandika ukutani. Nikaitazama kwa macho mawili kutoka mbele: ukumbi mzuri. Nikasogea kushoto mpaka naitazama kwa mshazari mkali: ukumbi uleule. Nguzo wima, vigae bado vya mraba. Hapo niliduwaa, kwa sababu umbo lililoingia jichoni mwangu lilikuwa limebanwa vibaya. Kwa hesabu ya miale, ukumbi ulipaswa kupinda.

Kisha nikatoboa tundu dogo kwenye kadi nyeusi, nikafumba jicho moja, nikatazama kupitia tundu ili nisione kingo za fotografia wala ukuta. Kutoka mbele, ukumbi ulizama ndani, ukawa na kina ambacho sikuwa nimekiona. Kutoka kwa mshazari, ulibomoka. Nguzo zilibanana, vigae vikawa miraba iliyokanyagwa. Nikaondoa kadi, ukumbi ukasimama tena. Nimerudia labda mara ishirini, na dada amerudia, kila mara ikawa vivyo hivyo.

Maurice Pirenne, mtafiti wa jinsi jicho linavyoona, aliliandika jambo hili mwaka 1970. Tunapoona uso wa picha, tunajua umeelekea wapi, na kwa kujua hilo tunaisahihisha taswira bila kutambua kwamba tunafanya kazi yoyote. Ukimnyima mtazamaji ule uso, hana cha kusahihishia. Ushahidi wake mkubwa upo Roma, kwenye dari ya kanisa la Sant'Ignazio, ambayo mchoraji Andrea Pozzo aliimaliza mwaka 1694. Pozzo alichora nguzo na matao yanayoendeleza kuta halisi hadi mbinguni, kwenye dari iliyo juu mno na iliyopinda kiasi kwamba jicho haliupati uso wake. Sakafuni pamewekwa kigae cha mviringo. Ukisimama hapo, jengo linapaa. Ukihama, nguzo zinaegemea kama zinataka kukuangukia. Msanifu majengo Brunelleschi, mwanzoni mwa karne ya 15, alikuwa amefanya hivyohivyo kwa kipimo kidogo: mtazamaji alitazama kwa jicho moja kupitia tundu nyuma ya ubao uliochorwa, na kuiona picha kwenye kioo kilichoshikwa mbele yake.

Pozzo alifanikiwa kuuficha uso wa picha, na malipo yake ni kigae kimoja cha kusimamia. Mchoro wa kawaida ukutani unaacha uso wake wazi, na unatazamika kutoka popote chumbani.

Nimefuta mpango wa sura ya tatu ya insha. Nilikuwa naandika kama wengi, kwamba wino ni kizuizi ambacho taswira inakishinda, kwamba mchoro hodari unatufanya tusahau karatasi. Tundu la kadi limesema kinyume. Karatasi ndiyo inayoushikilia mkono usibomoke.

Siku ya 26

Nimemwaga wino kwenye karatasi ya 11. Doa linafunika vidole viwili. Nimeichora upya, lakini ile ya kwanza sikuitupa.

Siku ya 31

Sura ya tatu imeandikika, kurasa tisa. Nimeijenga juu ya maji.

Mwanafalsafa Maurice Merleau-Ponty, katika insha yake ya mwisho ya mwaka 1961, anatazama vigae vilivyo chini ya bwawa na kusema kwamba havioni licha ya maji na mng'ao wake, anaviona kwa njia ya maji hayohayo. Maji yakiondolewa, kitakachobaki hakitakuwa kile alichokuwa akikiona. Nilikuwa nimeusoma mfano huo miaka iliyopita nikauona mzuri tu. Baada ya kadi yenye tundu naona ni maelezo ya kazi halisi.

Mfano wangu ni jua la mchoraji Monet, katika mchoro wa mawio ya bandari ya Le Havre wa mwaka 1872. Jua lile la rangi ya chungwa linatetemeka. Kila aliyekaa nalo kidogo analiona likitetemeka kwenye ukungu. Piga mchoro huo fotografia ya nyeusi na nyeupe, jua karibu linatoweka, kwa sababu rangi yake na rangi ya kijivu ya anga zina mwanga unaolingana. Sehemu ya mfumo wetu wa kuona inayopima mwanga tu hailipati jua hilo vizuri, ile inayopambanua rangi inalipata, na mvutano huo tunauona kama mtetemo. Jua la kweli lina mwanga mkali mno kuliko anga. Monet hakulifuata jua kwa kulinakili mwangaza wake. Alitafuta tabia ya rangi mbili zilizokaa jirani kwenye turubai, na asubuhi ikaja kwa njia hiyo. Nikiulizwa mtetemo ule ni wa rangi au wa jua, sioni pa kukata.

Niliacha nje mafuvu na mizaha ya macho, isipokuwa mchoraji Holbein. Mchoro wake wa mabalozi wawili wa mwaka 1533, ulioko London, una fuvu lililovutwa mshazari chini ya miguu yao. Fuvu linanyooka ukisimama pembeni kabisa, na hapo mabalozi wamebanwa. Nimempa aya moja. Uso mmoja wa mbao, vituo viwili vya kusimama, na mtazamaji analazimika kuhama ili kuona kifo.

Siku ya 36

Leo tumetundika. Nilikuwa nimepanga karatasi zote 40 kwa safu nne. Zilipokuwa ukutani niliona haraka kwamba zile za baada ya 15 zinafanya kazi ya kuthibitisha kilichokwisha kuthibitika, na macho yanazipita. Nimezitoa, pamoja na nyingi za kabla yake. Zimebaki ya 8, ya 10, ya 11 mpya, ya 13, na ile ya 11 yenye doa, ambayo nimeipa nafasi pana kuliko zote. Nafasi ya karatasi ya 9 ni tupu, mwenyewe anayo. Kwenye ile yenye doa, wino umemwagika juu ya vidole na vidole bado vimo, nyuma ya doa, ingawa nyuma ya doa hakuna kitu.

Jioni mwanga uliingia kutoka upande, mikunjo ya karatasi ikaonekana yote na mistari ikawa na kivuli chake. Mkono ulibaki umetulia.

Mtoto wa dada alisimama mbele ya karatasi ya 11 mpya.

"Mama mdogo, huu mkono wa nani?"

Wakubwa sita walikuwa wametazama, hakuna aliyeuliza hilo. Nikamwambia ni wangu.

"Wa kushoto au wa kulia?"

Nikafungua mdomo kusema wa kushoto, nikatazama vizuri. Kidole gumba kiko upande wa kulia. Ni mkono wa kushoto uliolala kifudifudi, na kwa usawa uleule ni mkono wa kulia uliolala kichalichali, kiganja juu. Mistari 11 haisemi. Mkono umo, kila mtu anauona, na bado haujawa wa upande wowote. Siku 36 nimekuwa nikiona wa kushoto kwa sababu wangu ulikuwa wa kushoto.

Kucha ya kwanza niliichora kwenye karatasi ya 23. Nimeitoa ya 22 na ya 23 kwenye bahasha, nimeziweka mezani pamoja, na mtoto amepanda kiti kando yangu.